Gharama za Kupata Leseni ya Udereva: Nani Alipe?

Somo la vikundi vya kujisomea, mashambani na viwandani



Wanachama wengi wametuuliza jambo moja kwa njia mbalimbali. Taniboi wa lori, aliyekwisha kaa miaka sita juu ya magunia, anauliza afanyeje ili ahamie kiti cha mbele. Mpaka grisi wa karakana anauliza kama ni kweli kwamba leseni hugharimu mshahara wa miezi mitatu. Dereva wa trekta, aliyeendesha tangu ujana wake, anauliza kwa nini leo anaambiwa hana ruhusa ya kuendesha. Maswali haya yote hurudi mahali pamoja, yaani kwenye fedha, na ndiyo maana tumeona yafaa tuyafanye somo la mwezi huu.

Hapa Uganda hati yenyewe tumezoea kuiita pamiti. Wenzetu wa Tanzania na Kenya huiita leseni. Katika somo hili tutasema leseni, kwa kuwa kurasa hizi husomwa na wafanyakazi waliotoka pande zote, na neno hilo hakuna asiyelifahamu.

Tuanze na kisa cha mwenzetu mmoja wa shamba la miwa. Jina lake hatulitaji, wala jina la shamba, maana kesi imekwisha naye bado yuko kazini pale pale.

Aliajiriwa kama kibarua wa kupakia miwa. Katika msimu wa pili dereva wa trekta aliugua, na nyapara akauliza ni nani anayejua klachi na gia. Mwenzetu alikuwa amejifunza kwa kumtazama dereva, akapanda. Yule dereva hakurudi tena, na mwenzetu akabaki juu ya kiti kile kwa miezi 14. Ndani ya shamba hakuna trafiki. Lakini kiwanda kiko ng'ambo ya barabara kuu, na kila tela la miwa sharti livuke. Jioni moja alivuka jua likiwa limemwelekea machoni. Mwenye baiskeli alikuja kwa kasi akagonga ubavu wa tela, akavunjika mguu.

Askari alipofika akaomba leseni. Mwenzetu akatoa kadi ya shamba, yenye picha yake na muhuri wa ofisi. Maskini, kadi ile ilikuwa ya kuingilia langoni tu.

Siku ya pili kampuni iliwaandikia polisi barua. Ilisema mtu huyu kwetu ni mpakiaji, jina lake limo katika orodha ya wapakiaji, hulipwa kama mpakiaji, na trekta alilichukua bila idhini. Nusu ya kwanza ya barua ile haikuwa na uongo hata kidogo, na hapo ndipo palipokuwa na hatari. Miezi 14 alikuwa ameendesha kama dereva na kulipwa kama mpakiaji, na yeye mwenyewe hakuwahi kuuliza.

Katibu wa tawi letu hakwenda kubishana na meneja. Alikwenda kwa mtunza bohari, akaomba kutazama daftari la mafuta. Kila asubuhi anayechukua dizeli huandikwa: namba ya trekta, lita ngapi, jina lake na sahihi yake. Jina la mwenzetu lilikuwamo siku baada ya siku, na pembeni sahihi ya nyapara. Daftari lilipopelekwa mbele, maneno "bila idhini" yaliondolewa. Mwenzetu akapata dhamana, na kazi hakufukuzwa. Lakini kosa la kuendesha bila leseni lilibaki kuwa lake yeye, si la nyapara wala la meneja, na faini tuliichanga sisi wanachama. Yule mwenye baiskeli naye ni mfanyakazi kama sisi, wa kinu cha jirani. Alikaa miezi mingi bila kufanya kazi.

Kesi ilipokwisha tulihesabu watu. Katika shamba lile lile, wenzetu 11 walikuwa wakiendesha trekta au lori bila leseni, au kwa leseni ya daraja lisilohusu chombo kile. Tukawauliza sababu. Hakuna aliyesema hataki. Walisema gharama.

Kuhesabu kwa siku za kazi

Mtu akiuliza leseni ni bei gani, huambiwa ada iliyobandikwa dirishani. Ada hiyo ni ya kweli, lakini ni sehemu tu ya bei. Ili tuone bei nzima, tunawashauri msihesabu kwa shilingi. Shilingi ya Uganda, ya Kenya na ya Tanzania hazilingani, na ada hubadilishwa kila mara. Hesabuni kwa siku za kazi: kiasi hiki cha fedha ni mshahara wangu wa siku ngapi?

Mwenzetu wa karakana, yule mpaka grisi tuliyemtaja, aliweka daftari tangu siku ya kwanza hadi alipopewa leseni ya gari dogo. Ametupa ruhusa kulitumia. Picha, nakala za kitambulisho na daktari wa kupima macho vilimla siku 3. Leseni ya mwanafunzi, siku 5. Shule ya udereva ilikula siku 34, na hapo alikwisha omba kulipa kwa mafungu. Nauli za kwenda na kurudi mjini zilikuwa siku 6. Siku alizokosa kazini bila kulipwa zilikuwa 7. Jaribio la kwanza alishindwa, akarudia. Ada za majaribio yote mawili zilifika siku 8, na kukodi gari la shule kwa ajili ya majaribio hayo siku 4. Mwisho leseni yenyewe, siku 15.

Jumlisheni nasi. Zote ni siku 82. Kwa mwezi wa siku 26 za kazi, ni miezi mitatu na siku nne. Sasa tengeni zile zilizolipwa dirishani, yaani leseni ya mwanafunzi, majaribio na leseni yenyewe: 5 na 8 na 15 ni 28. Zilizobaki, siku 54, hazikuandikwa kwenye ubao wa ofisi yoyote. Kwa kila siku moja aliyoilipa dirishani, karibu siku mbili alizilipa kwingineko.

Hesabu ya kila mtu itakuwa yake. Anayekaa karibu na mji hatalipa nauli kama ya anayetoka shambani, na aliyejifunza vizuri hatalipa jaribio mara mbili. Lakini wote tuliowauliza waliona jambo lile lile, kwamba walijiandaa kwa ada wakasahau njia ya kuifikia.

Ada yenyewe nayo inataka kusomwa kwa makini. Tuchukue mfano wa Tanzania, kwa sababu tarakimu zake zilitangazwa hadharani. Mwezi Juni 2019, Waziri wa Fedha, Dk. Philip Mpango, aliposoma bajeti ya mwaka 2019/20, alieleza kwamba muda wa leseni ya udereva utaongezwa kutoka miaka 3 hadi miaka 5, na ada itatoka shilingi 40,000 kuwa 70,000. Wengine walilalamika kwamba bei inakaribia kuongezeka mara mbili. Wengine walijibu kwamba mbona miaka nayo imeongezeka. Nani alikuwa na haki?

Gawanyeni. Shilingi 40,000 kwa miaka 3 ni shilingi 13,333 kwa mwaka. Shilingi 70,000 kwa miaka 5 ni 14,000 kwa mwaka. Basi kwa mwaka nyongeza ni shilingi 667 tu, na mtu angeokoa pia safari za kwenda ofisini mara kwa mara. Mtu wa mshahara mzuri angeweza kusema hapa hapana shida.

Lakini mfanyakazi wa shamba halipi kwa mwaka. Hulipa siku anaposimama mbele ya karani. Kwa Amri ya Mishahara ya mwaka 2013, iliyokuwa bado ikitumika wakati ule, kima cha chini cha kilimo kilikuwa shilingi 100,000 kwa mwezi, yaani 3,846 na senti 50 kwa siku. Shilingi 40,000 zilikuwa siku zake 10 na sehemu. Shilingi 70,000 zikawa siku 18. Mtu wa kima cha chini aliyelipa leseni mwezi ule alibakiwa na shilingi 30,000 za kulisha nyumba. Hivyo waliolalamika hawakukosea, na waliojibu nao hawakukosea. Kila upande ulikuwa ukihesabu mfuko wake. Ninyi mkikaa na mwajiri, jueni mapema atahesabu kwa mfuko upi.

Kuna nchi ambazo ulipaji huu wa kurudia-rudia umepunguzwa sana. Uingereza, tangu mwaka 1976, ruhusa ya kuendesha gari dogo hudumu mpaka mtu afikishe miaka 70. Kadi yenye picha hubadilishwa kila baada ya miaka 10 kwa ada ndogo, lakini ruhusa yenyewe haiishi. Huko gharama kubwa iko mlangoni, yaani kwenye mafunzo na mtihani.

Mtihani na kushindwa

Inafaa tujue mtihani huu ulitoka wapi, maana sheria zetu za barabarani zilirithi mengi kutoka Uingereza. Kwa sheria yao ya mwaka 1903, mtu alilipa shilingi 5 akapewa leseni bila kuulizwa kama anajua usukani ni nini. Ajali zilipozidi, waliweka mtihani, ukawa wa lazima kuanzia tarehe 1 Juni 1935. Ada yake ilikuwa shilingi saba u nusu za Kiingereza. Mwanzoni hapakuwa na vituo. Mkaguzi na mtahiniwa walipeana miadi penye bustani au penye stesheni ya reli. Ile herufi L nyekundu tunayoiona nyuma ya magari ya shule za udereva ilianza katika mwaka ule ule.

Basi mtihani haukuwekwa ili kuwatoza watu fedha. Uliwekwa kwa sababu watu walikuwa wakifa barabarani. Tunalisema hili kwa sababu baadhi ya wanachama hutuomba tupiganie mtihani ufutwe kwa watu wenye uzoefu wa shambani. Hatutafanya hivyo. Mwenye baiskeli aliyevunjika mguu ni mwanachama vile vile.

Lakini kushindwa mtihani si aibu, na lazima kuingizwe katika hesabu tangu mwanzo. Huko huko Uingereza, penye vitabu, walimu na barabara nzuri, majaribio ya gari dogo yanayofaulu hayafiki nusu. Na kila anayerudia hulipa ada upya. Kwa hiyo mtu akija na fedha za jaribio moja tu, amekuja na matumaini, hakuja na bajeti.

Wenzetu wa mashambani huanguka mara nyingi katika mambo ambayo si ya usukani. Kule Kenya, kwa mfano, mtahiniwa husimama mbele ya ubao wa mji wa mfano, wenye njia panda, mizunguko na alama, akapewa kigari cha kuchezea akionyeshe njia. Mtu aliyevuta tela la tani nyingi kwenye matope bila kuteleza anaweza kutokwa jasho mbele ya kigari kile, kwa kuwa hajawahi kuona mzunguko. Hilo ni jambo la kusoma, na kusoma kunawezekana bila gharama kubwa. Tawi moja lilichora mji wa namna hiyo kwa chaki kwenye sakafu ya ukumbi, wakatumia viberiti kuwa magari. Walijifunza jioni nne. Tungependa matawi mengine yafanye vivyo hivyo, maana kila anayefaulu mara ya kwanza ameokoa ada nzima na siku ya kazi.

Jambo jingine ni daraja. Leseni ya gari dogo si leseni ya lori, na ya lori si ya basi la abiria. Trekta nalo lina daraja lake. Kabla hujalipa senti moja, uliza daraja la chombo utakachopewa kazini liandikwe kwenye maombi yako. Tumeona wenzetu waliolipa shule nzima ya gari dogo, kisha mwajiri akawapa trekta, wakawa barabarani kama watu wasio na leseni kabisa. Bima nayo hutazama hilo. Hati nyingi za bima hutaka dereva awe na leseni ya daraja la chombo kile, na bima ikikataa kulipa, aliyeumia na aliyeumiza wote hutazamana mikono mitupu.

Chai ya dirishani

Tungekuwa waongo kama tungeandika juu ya gharama tukaruka chai. Wako watu mlangoni mwa ofisi, hata si watumishi, wanaosema, "Nipe kiasi fulani, usihangaike na mtihani." Kwa mtu aliyekwisha kupoteza siku 7 za mshahara, maneno haya huingia masikioni kama muziki.

Fanyeni hesabu tena. Anayenunua leseni bila mtihani hulipa ada zile zile na chai juu yake, tena bila risiti. Kadi ikiwa ya bandia, amepoteza yote, na ameongeza kosa la kughushi juu ya kosa la kuendesha bila leseni. Kadi ikiwa ya kweli, amenunua ruhusa ya kufanya jambo asilolijua, akiwa na taniboi pembeni na wavunaji 20 nyuma kwenye tela.

Risiti zitunzwe, kila moja, hata ya shilingi ndogo. Anayefundisha, anayepima macho, anayetahini, anayepokea fedha na anayechapa kadi si mtu mmoja. Hapa Uganda kadi zilichapwa kwa miaka mingi na kampuni ya Face Technologies ya Afrika Kusini, na mwezi Machi 2021 kazi hiyo ikahamia Uganda Security Printing Company. Mkaguzi aliyekutahini hana mashine ya kadi. Kadi ikichelewa, risiti ndiyo itakayoonyesha imekwama kwa nani. Na kabla ya kulipa, chukua namba ya malipo ofisini au benki, usiandikiwe kwenye kipande cha karatasi na mtu wa mlangoni.

Nani alipe?

Sasa tumefika penye kiini cha somo. Waajiri husema leseni ni mali ya mfanyakazi. Ataichukua na kwenda nayo anakotaka, kwa hiyo ailipie mwenyewe. Neno hili lina ukweli ndani yake, tusilikatae ovyo. Leseni ina jina la mtu. Akiacha kazi leo, kesho ataitumia kwingine.

Lakini trekta ni la nani? Miwa inayovuka barabara ni ya nani? Mwajiri hawezi kupanda miwa asiivune, wala hawezi kuivuna asiivushe. Anamhitaji dereva mwenye leseni kama anavyohitaji matairi, na matairi hatujamsikia akimwambia mfanyakazi ayalete kutoka nyumbani.

Shirika la Kazi Duniani lina maandiko yanayotusaidia. Mkataba wake namba 184 wa mwaka 2001, juu ya usalama na afya katika kilimo, unasema mashine za kilimo ziendeshwe na watu waliofundishwa na kuruhusiwa. Mkataba namba 155 wa mwaka 1981 unasema hatua za usalama kazini zisimgharimu mfanyakazi. Wekeni maandiko hayo mawili pamoja. Ikiwa kumfundisha dereva wa trekta ni sehemu ya usalama wa shamba, basi kuna hoja ya kumwambia mwajiri achangie. Nchi ambayo haijaridhia mkataba haifungwi nao, lakini hakuna sheria inayokataza chama kunakili maneno yake katika mapatano na mwajiri.

Na fedha hupatikana panapokuwa na haja. Mwaka 2021 Uingereza ilipungukiwa madereva wa malori. Mwezi Septemba magari yalipanga foleni kwenye vituo vya petroli, na mwezi Oktoba wanajeshi waliendesha malori ya mafuta. Ndipo serikali ikagharamia mafunzo ya madereva wapya, na makampuni yakaanza kutoa nyongeza. Kabla ya hapo wengi wa madereva wale walikuwa wakijilipia wenyewe. Ufaransa haikungoja upungufu; mwaka 2019 ilianza kuwapa wanagenzi wa miaka 18 na kuendelea euro 500 za kuwasaidia kupata leseni, kwa kuwa kijana asiyeweza kufika kazini hawezi kujifunza kazi.

Katika shamba la kile kisa chetu tulikaa na uongozi mara tatu. Mara ya kwanza walikataa. Mara ya pili walikubali kulipa yote, lakini wakate kwenye mshahara miezi sita, na hati za leseni zikae kwenye kabati la ofisi. Tukakataa sisi. Kukata mshahara kuna sheria yake: Sheria ya Ajira ya Uganda ya mwaka 2006, ile ya Kenya ya 2007 na ya Tanzania ya 2004 zote zina kifungu juu ya makato, na mwajiri hawezi kukata apendavyo. Ama leseni kukaa kabatini, trafiki humwomba leseni dereva barabarani, hamwombi karani. Tena tunajua kabati la namna hiyo kazi yake ni nini. Mtu hawezi kutafuta kazi kwingine wakati leseni yake imefungiwa ofisini.

Mara ya tatu tulielewana hivi. Kampuni ilipe daktari, leseni ya mwanafunzi, mafunzo ya daraja la trekta au lori na jaribio la kwanza. Siku za mafunzo na za jaribio zihesabiwe kuwa siku za kazi. Jaribio la pili walipe nusu kwa nusu, na la tatu ajilipie mwenyewe. Leseni ikaye mfukoni mwa mwenyewe, nakala ibaki ofisini. Na jambo tulilolishikilia kuliko yote: tangu siku anapoanza kuendesha, jina lake lihamishwe kutoka orodha ya vibarua hadi orodha ya madereva, na mshahara wake nao uhame. Kwa kukumbuka barua ile kwa polisi, hili hatukulilegeza hata kidogo.

Wao nao walitaka dereva asiondoke mara tu akishapata leseni. Hilo tuliliona ni la haki, ila kwa kipimo. Tuseme gharama ni shilingi 240,000 na amekubali kukaa miaka miwili. Mwajiri mwingine ataandika kwamba akiondoka kabla ya miaka miwili atarudisha zote. Basi aliyefanya kazi miezi 23 atadaiwa sawa na aliyefanya mwezi mmoja! Sisi tuliandika kwamba kila mwezi wa kazi hupunguza shilingi 10,000. Akiondoka baada ya miezi 18, anadaiwa 60,000. Na akifukuzwa au akipunguzwa kazini, hadaiwi kitu. Kifungu hiki kidogo kisomeni mara mbili kabla ya kutia sahihi, kwa kuwa wengi hukitazama baada ya kugombana.

Wenzetu 8 kati ya wale 11 sasa wana leseni za daraja linalofaa. Wawili wanangoja kurudia jaribio. Mmoja, mzee wetu, macho yake hayakufaulu kwa daktari. Mapatano yetu hayakumfikiria mtu kama huyo, na hilo ni kosa letu sisi tulioyaandika. Ameshushwa kwenye trekta baada ya miaka mingi, akarudishwa kupakia, na mshahara ukapungua. Shauri lake liko mezani, nasi tunadai apewe kazi ya bohari kwa mshahara wa udereva. Matawi mengine yakiandika mapatano ya namna hii, yaweke kifungu cha macho mapema.

Kazi za kikundi

Kutaneni kabla ya siku ya mshahara, si baada yake. Kila mmoja aje na jibu la maswali haya.

Katika kazi yenu, ni nani anaendesha chombo chochote kinachovuka barabara ya umma, na jina lake limeandikwa katika orodha gani ya mishahara? Msiwaandike majina yao kwenye ubao, hesabuni tu.

Nendeni wawili kwenye ofisi ya leseni iliyo karibu, mkanakili ada zilizobandikwa. Zigeuzeni kuwa siku za kazi kwa mshahara wa mwenye kipato cha chini kabisa katika kikundi. Kisha ongezeni nauli, shule, siku za kukosa kazi na jaribio la pili.

Mwajiri anasema atalipa shilingi 300,000, na anataka dereva akae miezi 30. Dereva anaondoka baada ya miezi 21. Anadaiwa kiasi gani kwa mpango wa kupunguza kila mwezi? Je, kikundi kinaona miezi 30 ni mingi?

Ulizeni daftari la mafuta la kazini kwenu huwekwa na nani, na kurasa za zamani hutunzwa wapi.